Jinsi ya kuweka sanamu kubwa ya kioo kwenye ulimwengu wako wa kubuni na msomaji akaiamini

Kama unaandika hadithi ya ulimwengu wa kubuni na umeshaamua kwamba katikati ya mji kuna sanamu kubwa ya kioo, usianze kujiuliza inafananaje, jiulize ilipoaje. Yani ilipoa kwa muda gani, ilipoa wapi, na nani alikuwa analinda moto. Mi rasimu yangu ya kwanza ilikuwa na mfalme anaamuru sanamu imiminwe usiku na asubuhi watu wanaamka wanaikuta inang'aa, msomaji mmoja akaniuliza tu "sasa ikapoa saa ngapi?" na ikabidi sura nzima niiandike upya, na nashukuru sana aliuliza maana hadithi yenyewe ilikuwa imejificha hapohapo.

Iko hivi. Kioo kinene kikipoa haraka, nje inakuwa ngumu mapema wakati ndani bado kuna moto, alafu ndani inapokuja kusinyaa inavuta na ile nje haikubali tena, basi mvutano unabaki umefungiwa mle na siku yoyote kinapasuka chenyewe hata bila mtu kukigusa. Dawa ni kukishusha joto polepole mno, hasa kuanzia nyuzi 500 na kitu. Angalia kioo cha darubini ya Hale kule Palomar, Marekani, upana wake mita 5 na kidogo, uzito kama tani 20. Walipokimimina mara ya kwanza, Machi 1934, vipande vya kalibu viling'oka kwa joto vikaelea juu ya kioo kilichoyeyuka, wakarudia Desemba mwaka huohuo, alafu wakakiacha kipoe karibu miezi 10. Na ujue unene ukiongezeka mara mbili muda wa kupoza unaongezeka kama mara nne, kwa hiyo kama sanamu yako imejaa kioo mpaka ndani na kifua chake kina unene wa mita tatu, usiandike miezi, andika vizazi. Babu anawasha tanuru, mjukuu wa mjukuu ndo anabomoa ukuta wa kalibu, na katikati hapo kuna watu walioishi na kufa wakichochea moto wa kitu ambacho hawakuwahi kukiona. Nani alikata kuni zote hizo, msitu gani uliisha, kuna usiku mlinzi alisinzia? Hayo ndo maswali yanayozaa wahusika.

Kuhusu ukubwa, piga hesabu hata kama hutaiandika. Kioo cha kawaida mita moja ya ujazo ni kama tani mbili na nusu. Sanamu ya mtu aliyesimama yenye urefu wa mita 30, ikiwa imejaa kioo ndani, inakaribia tani 1,000. Ukisema acha niifanye mita 60 ipendeze, uzito haujawa mara mbili, umekuwa mara nane, na nyayo zilizobeba huo mzigo zimeongezeka mara nne tu. Kama hutaki hayo ifanye ya vipande, kama ile chemchemi ya kioo ya maonyesho ya London ya 1851, mita 8 hivi na tani 4, vipande vimeunganishwa. Mimi napenda zaidi iliyomiminwa nzima, ila ya vipande ina uzuri wake, kila ukoo unaweza kuwa na kipande chake.

Mchanga peke yake unataka joto la nyuzi 1,700 kuyeyuka, kwa hiyo watu wako watahitaji magadi ili uyeyuke kwa moto mdogo zaidi, na chokaa ili kioo kisiharibiwe na maji. Hapa kwenye chokaa tulia kidogo. Ukiisahau kabisa, kioo cha mchanga na magadi tupu kinaliwa na maji taratibu, na mimi naona hakuna picha ya kusikitisha kama sanamu ya nabii ambaye kila masika uso wake unakuwa laini kidogo mpaka wajukuu hawajui pua yake ilikuwaje. Ukiizidisha nayo ni hasara nyingine, kule Beth She'arim, Israeli, kuna bamba la kale la kioo la kama tani 9 ambalo chokaa ilizidi, likawa halipitishi mwanga, likaachwa palepale lilipoyeyushiwa. Rangi ni rahisi, chuma kwenye mchanga kinaleta kijani, kobalti inaleta bluu, ila kumbuka kitu kikiwa kinene hivyo hata kijani hafifu kinakuwa giza la kilindini.

Mkao sasa. Kioo kinavumilia sana kugandamizwa ila hakitaki kuvutwa. Umewahi kumuona fundi wa madirisha akikata kioo? Anapitisha kikatio mara moja tu, mkwaruzo mwembamba kama unywele, anabonyeza, tap, kimeachana. Sasa sanamu iliyonyoosha mkono mbele inavutwa pale juu ya bega muda wote, mchana na usiku, na mkwaruzo mmoja wa punje ya mchanga pale juu unatosha kuanzisha ufa, tena unyevunyevu unausaidia ufa kutembea. Kwa hiyo mpe mtu kazi ya bega. Kijana anapanda kwa kamba kila alfajiri kabla ya upepo, anapuliza vumbi kwanza, hapangusi, maana kupangusa ni kukwaruza, alafu anapitisha ukucha taratibu akisikilizia kama kuna mahali unakwama.

Na jua usilisahau, kama sanamu yako imeshika tufe la kioo mkononi, tufe hilo linakusanya miale na kuchoma kitu kilicho karibu nalo, kwa hiyo lifunikwe kwa kitambaa mchana, wafunue usiku.

Ukishayapanga hayo, kabla hujaandika maelezo marefu ya mng'ao, andika aya moja tu ya yule kijana asubuhi ambayo ukucha wake umekwama.