Kuona utando wa mguu wa bata unavyobaki na wa kuku unavyotoweka

Mguu wa kiinitete cha kuku na wa bata huanza kwa umbo moja: kikasia kidogo chenye utando kati ya vidole. Kwa kuku, seli za utando hufa; kwa bata hubaki. Unaweza kuliona hilo mwenyewe ukiwa na mashine ya kutotolesha.

Tafuta mayai 6 ya kuku na 6 ya bata kutoka banda lenye dume, yasiyozidi siku 7 tangu yatagwe. Weka joto nyuzi 37.5 na unyevu asilimia 55 hadi 60. Yageuze mara 3 kwa siku, la sivyo kiinitete hunata kwenye ganda. Siku ya 5 yamulike kwa tochi gizani, uondoe yasiyo na mishipa ya damu.

Wengi huharibu hapa: hulinganisha kwa tarehe. Kuku huanguliwa kwa siku 21, bata wa kawaida kwa 28, kwa hiyo siku 3 za kuku ni kama 4 za bata. Fungua ya kuku siku ya 7, 8 na 10. Ya bata siku ya 9, 11 na 13, mawili kila mara. Bata wa Muscovy huchukua siku 35, hivyo kwake ni siku ya 12, 13 na 17. Joto likishuka kidogo ukuaji huchelewa. Amini umbo la mguu kuliko kalenda.

Kwanza liache yai kwenye friji, nyuzi 4, usiku kucha ili kiinitete kife. Vunja upande butu, mimina kwenye maji ya chumvi (gramu 9 kwa lita), kata mguu, utazame kwa lenzi ya mara 10. Hifadhi kwenye spiriti ya asilimia 70.

Seli hufa kwa amri ya BMP, protini zinazobeba ishara kati ya seli. Mwaka 1996 Hongyan Zou na Lee Niswander walizuia ishara hizo katika mguu wa kuku, na utando ukabaki. Bata ana kizuizi chake cha BMP, protini iitwayo Gremlin, kinachofanya kazi katikati ya vidole. Kuku naye ana jeni ya Gremlin, ila haifanyi kazi mahali hapo wakati huo. Jambo hili ni zito: umbo jipya lilipatikana bila jeni mpya, kwa kubadilisha tu mahali ilipowashwa.

Usihitimishe, hata hivyo, kwamba utando wa kiinitete cha kuku ni dalili kuwa kuku alitokana na bata. Ni hatua ya ujenzi wa mguu, na hata vidole vya binadamu huipitia.