Namna ya kusomesha maisha ya Daktari Saugrain kwa kipindi kimoja

Mwalimu mwenzangu, ukitaka wanafunzi wa Kidato cha Pili wamjue Antoine Saugrain, usianze na "alizaliwa Paris mwaka 1763". Watainakili na kengele ikilia wameshaisahau. Anza na mabega ya wazee wao.

Mimi nasomesha historia Wete, kisiwani Pemba, na siku moja kabla ya somo huwatuma wanafunzi kwa bibi na babu waliozaliwa kabla ya miaka ya sabini, wakaombe kuoneshwa kovu la chanjo ya ndui. Waeleze namna ya kulitambua, maana watalichanganya na la BCG, chanjo ya kifua kikuu. La ndui mara nyingi ni pana, limebonyea, na vijistari vinatoka katikati kwenda ukingoni. Asubuhi wanarudi skuli wana la kusema: nani alichanjiwa wapi, nani alimuona mgonjwa uso umejaa matundu.

Hapo mlete daktari. Mwaka 1809, katika mji mdogo wa St. Louis kando ya mto Mississippi, Saugrain alitangaza gazetini kuwa amepata dawa ya chanjo ya ndui, na kwamba maskini na wenyeji wa asili wa Marekani atawachanja bure. Sentensi hiyo iandike ubaoni na iache hapo mpaka mwisho wa kipindi.

Watauliza chanjo ilifikaje huko bila friji. Usilipite swali hili haraka, ndilo tamu kuliko yote. Tangu Edward Jenner, daktari aliyeivumbua chanjo hii, alipoanza Uingereza mwaka 1796, maji ya kipele cha ndui ya ng'ombe yalikaushwa kwenye uzi au katikati ya vioo viwili, yakasafirishwa. Njia nyingine ilikuwa mkono kwa mkono: unamchanja mtu, unasubiri wiki moja hivi kipele kijae, unachukua maji yake unamchanja mwingine. Wasimamishe watoto sita mstari mmoja, kila mmoja amwekee mwenzake alama ya chaki mkononi. Kisha mtoe mmoja katikati na uwaulize: huyu asiporudi kwa daktari, wa nyuma yake watapata wapi chanjo? Waache wabishane.

Maisha yake mengine yapitie mbio kidogo. Mwaka 1788 alishambuliwa akishuka mto Ohio. Baadhi ya wenzake wakauawa, yeye akajeruhiwa. Baadaye aliishi Gallipolis, mji ulio kando ya mto huo huo, pamoja na Wafaransa waliouziwa hati za ardhi zisizo na thamani. Alipohamia St. Louis mwaka 1800 mji ulikuwa chini ya Hispania, na Machi 1804 bendera ya Marekani ikapandishwa. Watoto wa hapa hawahitaji maelezo marefu juu ya bendera kubadilika. Wakumbushe uhuru wa Zanzibar Disemba 1963, mapinduzi Januari 1964 na muungano na Tanganyika Aprili mwaka huo huo. Taja pia kuwa alichunguza mimea na madini, akatengeneza vipimajoto, na kwamba Daktari Guillotin, yule ambaye jina lake lilibandikwa mashine ya kukatia vichwa, alikuwa shemeji yake na mtetezi wa chanjo.

Kipo kisa kwamba alikwangua zebaki nyuma ya kioo cha mkewe ili awatengenezee kipimajoto Lewis na Clark, wapelelezi wa Marekani, kwa safari yao ya 1804 kuelekea magharibi. Kisimulie, kinapendeza, lakini wanahistoria wana shaka nacho. Chora ubaoni safu ya pembeni uiite "inasemekana", ukiweke humo. Mwanafunzi akizoea safu hiyo, hata habari za mitaani atazipima.

Dakika za mwisho tundika ramani ya mwambao. Kidole kianze Pemba kipande kaskazini, kipite Lamu, kifike Merka, Somalia. Huko, Oktoba 1977, mpishi wa hospitali aitwaye Ali Maow Maalin aliugua ndui, akawa mtu wa mwisho duniani kuipata kwa njia ya kawaida. Alipona, na miaka mingi baadaye alizunguka nchini mwake kuwahimiza wazazi wawapeleke watoto kupata chanjo ya polio. Kazi ya nyumbani: aya moja juu ya Saugrain na moja juu ya Maalin, bila kunakili ubao.