Jinsi ya kuhama Brogue ya zamani kwenda Brogue CE bila kuua sevu yako

Brogue ni gemu ya kompyuta ya kushuka shimoni, kila kitu kimechorwa kwa herufi, na kama bado unacheza veshen ya 1.7.5 usisubiri 1.7.6, haiji. Hiyo 1.7.5 ndo Brian Walker, aliyeitengeneza, aliishia hapo, ila msimbo aliuacha wazi kwa leseni ya AGPL (inayoruhusu yeyote kuubadilisha na kuusambaza), mashabiki wakaudaka wakaendelea nao kwa jina la Brogue CE (Community Edition) wakaanza kuhesabu kuanzia 1.8. Gemu ni ileile, unashuka mpaka levo ya 26 kuchukua Hirizi ya Yendor alafu uanze kupanda nayo juu, na ukifa umekufa. Ila bagi (hitilafu) nyingi zimefanyiwa kazi na kuna picha ndogondogo kwa wale ambao herufi zinawachosha macho.

Sasa kabla hujadanilodi chochote, kama una gemu uliyoiachia katikati, imalize kwanza. Hapa ndo watu wengi wanalia. Sevu ya Brogue haihifadhi hali ya mchezo ulipofikia, inahifadhi namba ya sidi (ile namba inayozalisha shimo zima) pamoja na kila kitufe ulichobonyeza tangu mwanzo, ukiifungua gemu inacheza upya yote kwa kasi mpaka inafika ulipoachia, ndo maana sevu ya levo ya 20 inachukua muda kufunguka. Sasa veshen mpya ikibadilisha kitu kidogo tu, mfano tumbili akaenda kushoto badala ya kulia, kila kilichofuata kinavurugika, wewe ulibonyeza kumpiga mtu ambaye hayupo tena pale. Kwa hiyo gemu inagoma kufungua sevu ya veshen nyingine na inafanya vizuri kugoma. Ikibadilika ile namba ya tatu tu, kama 1.9.1 kwenda 1.9.2, kwa kawaida hamna shida.

Haya, nenda GitHub (tovuti wanakoweka msimbo na programu), tafuta BrogueCE, ingia Releases, shuka kwenye Assets uchukue faili lenye jina la mashine yako, Windows, macOS au Linux. Lile la Source code liache, hilo ni la wanaotaka kujijengea wenyewe, ukilifungua utatafuta pa kubonyeza mpaka kesho. Ni megabaiti chache tu, bando halitaumia.

Tengeneza folda mpya, ipe jina la veshen, fungulia zipu yote humo. Usiimwage juu ya folda ya zamani na usiendeshe gemu ikiwa bado ndani ya zipu. Windows inaweza kukutolea lile dirisha la bluu la kukutisha, ni kwa sababu Windows haiitambui programu hiyo, bonyeza More info alafu Run anyway, ila fanya hivyo kama umelitoa faili GitHub kwenyewe, sio kwa mtu kakurushia. Mac nayo ikigoma ingia Settings, Privacy & Security, uiruhusu humo.

Ukitoka CE moja kwenda CE nyingine kwenye Windows na hutaki kupoteza rekodi zako, kopi BrogueHighScores.txt uibandike folda mpya kabla hujafungua gemu. Zile faili za .broguerec (rekodi za gemu ulizocheza) na .broguesave (sevu) ziache kwao, huku hazitakusaidia, labda kama imebadilika ile namba ya tatu tu.

Fungua, angalia namba ya veshen kwenye skrini ya mwanzo, ukiona bado ya zamani ujue umebonyeza shotkati ya zamani iliyobaki desktop, ifute. Ukishaingia ndani bonyeza G kubadilisha kati ya herufi na picha, mimi nabaki na herufi, goblin akiwa g namwona haraka zaidi. Kitufe cha x kinakutembeza chenyewe, na s ukibonyeza mara tano mfululizo unapekua kwa nguvu, tumia hiyo ukifika ukuta ambao ramani inakwambia lazima kuna chumba nyuma yake.

Na kama mnashindana na mshkaji kwa sidi moja, hakikisheni veshen zinafanana kwanza, la sivyo namba itakuwa ileile na mashimo yanaweza kuwa mawili tofauti kabisa, alafu mbishane bure nani kapewa shoka zuri. Mwenye veshen ya nyuma ndo aapdeti, au wote mfungue folda ya zamani.