Jinsi ya kusoma wasafiri wa karne ya 19 ukiwa Ugogo: fuata maji

Wazungu waliotoka pwani kwenda maziwa makuu kwa miguu karne ya 19 wengi walipita Ugogo, nchi ya Wagogo katikati ya Tanzania ya leo, na wengi waliandika. Burton na Speke walipita 1857, Stanley 1871, Cameron 1873. Mimi huwatembeza walimu, wanafunzi na wasomaji wa kawaida kwenye njia hizo za misafara, kitabu kikiwa mkononi, na nimewaona wengi wakikifunga kwa hasira kabla sura haijaisha. Wana haki. Humo wenyeji wanaitwa wezi na wajeuri, na mwandishi hajui hata jina la bibi aliyemuuzia maziwa. Lakini kurasa hizohizo zimehifadhi majina ya watemi, bei za nafaka, visima, miti na wanyama, mambo ambayo kwa maandishi ni shida kuyapata kwingine. Njia ninayoiamini ya kuyatoa humo ni kumwacha msafiri aseme yake, wewe ukafuata maji.

Hatua ya 1: Chagua kipande kifupi cha njia

Usianze na kitabu kizima. Chukua kambi mbili au tatu zinazofuatana, zenye majina yanayotambulika mpaka leo. Kwa mwenye kuanza napendekeza safari ya Stanley ya 1871, pale anapotaja Mvumi, Matamburu na Bihawana. Matamburu ndiyo Matumbulu yetu. Vijiji vyote vitatu viko upande wa kusini wa jiji la Dodoma na unavifikia kwa bodaboda au daladala. Vitabu hivi vimeisha muda wa hakimiliki, vinapakuliwa bure mtandaoni. Chapisha sura moja tu, uache nafasi pana pembeni ya kuandikia.

Majina yaliyopinda yasikutishe. Mwandishi aliyasikia kwa sikio la Kiingereza, tena mara nyingi kutoka kwa mtu wa pwani na si kwa mwenyeji. Jaribu kubadilisha r iwe l, kisha lisome kwa sauti mbele ya mtu aliyekulia huko.

Hatua ya 2: Andika mwezi juu ya kila ukurasa

Hatua hii wengi huiruka, nayo ndiyo inayofungua mlango. Dodoma hupata mvua za wastani wa milimita 570 hivi kwa mwaka, na karibu zote hunyesha kati ya Desemba na Aprili. Burton aliivuka Ugogo Septemba na Oktoba, kiangazi kimekaza, nyasi zimekuwa vumbi na mibuyu haina jani. Stanley aliingia mwishoni mwa Mei, mtama na uwele vikiwa vinavunwa na ng'ombe wana maziwa. Ukiwasoma bila kalenda utadhani mmoja wao anasema uongo, kumbe kila mmoja aliona nchi ya mwezi wake.

Ukiweza, nenda mahali hapo katika mwezi uleule. Aliyepita Matumbulu Machi, mahindi yakimfika kifuani, hataelewa kwa nini mpagazi alitupa mzigo Oktoba.

Hatua ya 3: Geuza saa za mwendo kuwa kiu

Kati ya Chunyo, upande wa Mpwapwa, na vijiji vya kwanza vya Ugogo kulikuwa na nyika isiyo na maji iliyoitwa Marenga Mkali. Wasafiri wengi wanaitaja kwa hofu. Namna walivyoivuka ndiyo inayotufundisha kitu. Misafara ilikuwa na mwendo ulioitwa telekeza: watu hukaa kisimani mpaka mchana, hunywa, hupika, hujaza vibuyu, kisha huondoka jua likiwa limepinda. Hutembea mpaka usiku, hulala pakavu, na kabla ya mapambazuko huwa njiani tena ili wafike kwenye maji kesho yake asubuhi. Kwa hesabu hiyo nyika inavukwa kwa usiku mmoja tu wa ukavu, na saa kali za jua zinapita mtu akiwa karibu na kisima.

Hiyo ni elimu ya kirangozi, mtu wa mbele wa msafara. Kwenye kitabu mara nyingi utakuta imeandikwa kama uamuzi wa mwenye kitabu. Kila unapokutana na saa ya kuondoka na saa ya kufika, pembeni andika: maji ya mwisho wapi, maji ya kwanza wapi. Ukimaliza sura utakuwa na ramani ya visima.

Hatua ya 4: Soma hongo kisimani

Hapa simama muda mrefu. Hongo ni malipo ambayo kila msafara ulimtolea mtemi ili upite, kwa nguo na shanga: merikani, yaani shuka nyeupe za pamba, na kaniki, zile za buluu iliyoiva. Wasafiri wote walilalamika. Wanaeleza majadiliano ya siku nzima, watu wa mtemi wakirudi kudai nyongeza, na wanamaliza kwa kusema Ugogo ni nchi ya unyang'anyi.

Kabla hujakubaliana nao, nenda kwenye korongo la mchanga wakati wa kiangazi, ukae karibu na mama anayechota. Anachimba kwa mikono na kata ya kibuyu. Juu mchanga ni mweupe na wa moto. Kina cha kiwiko unakuwa mweusi, ukiukamata unashikamana. Anachimba tena, halafu anangoja. Maji yanatoka pembeni polepole, yenye rangi ya udongo. Ya kwanza anayamwaga, ya pili anaacha yatulie. Kisha anateka kata moja moja mpaka ndoo ijae, na akiondoka anazungushia shimo miiba ili ng'ombe wasilibomoe.

Sasa piga hesabu. Chukulia msafara wa watu 500, kila mmoja lita 3 tu kwa siku za kunywa na kupikia. Ni lita 1,500, sawa na ndoo 75 za lita 20, bado hujawanywesha punda. Kesho yake unafika msafara mwingine. Kisima kimechimbwa na watu wa pale, mifugo yao inakitegemea mpaka Desemba, na nafaka atakayonunua mgeni imetoka ghalani mwao. Mtemi aliyeruhusu yote hayo bila malipo angewaambia nini watu wake mwezi wa kumi na moja?

Kwa hiyo tengeneza jedwali dogo: mahali, mtemi, nguo alizolipwa, siku walizokaa, maji yaliyokuwepo. Weka pia safu ya matusi ya mwandishi. Mimi nikilijaza jedwali hili huona matusi yakipanda pale maji yanapopungua. Msome hivyo hata Burton, ambaye macho yake kwa tembe (nyumba za Wagogo zenye paa bapa la udongo), mavazi, silaha na mazao yalikuwa makali kuliko ya wengi.

Hatua ya 5: Uliza neno limepita vinywa vingapi

Speke hakujua Kiswahili. Alizungumza na Sidi Mubarak Bombay kwa Kihindustani, kwa kuwa Bombay, Myao aliyeuzwa utumwani utotoni, aliwahi kuishi India. Basi mzee wa Kigogo akisema jambo, linaingia Kiswahili, linaingia Kihindustani, ndipo linaandikwa Kiingereza. Ukiona mwandishi anatangaza kwa uhakika imani au tabia ya Wagogo, hesabu vinywa hivyo kwanza. Kuhusu alichokiona kwa macho, kama umbo la nyumba, mwiba, mnyama au rangi ya kitambaa, mwamini zaidi.

Halafu weka kitabu cha pili mezani. Kuna Safari za Wasuaheli, iliyokusanywa na Carl Velten na kutolewa 1901, ambamo watu wa pwani wanasimulia safari zao wenyewe kwa Kiswahili. Kuna pia kitabu cha Mathias Mnyampala, Mgogo na mshairi, kuhusu historia, mila na desturi za Wagogo, cha 1954. Kwangu mimi anayemsoma Stanley juu ya Ugogo bila Mnyampala hajamaliza kazi.

Hatua ya 6: Nenda kwa wazee ukiwa na swali zuri

Anzia ofisi ya kijiji. Jitambulishe kwa mtendaji au mwenyekiti, sema unachotafuta, uombe mtu wa kukuongoza. Ukifika nyumbani kwa watu, "Mbukwenyi", salamu ya Kigogo, inafungua nyuso haraka, kisha shikamoo kwa kila aliyekuzidi umri. Beba sukari au sabuni, wala usitoe simu ya kurekodi kabla hujaruhusiwa.

Usiulize, "Stanley alipita wapi?" Swali hilo linamweka mzee kwenye mtihani wa kitabu chako. Uliza hivi: "Bibi, kabla ya bomba, kiangazi mlichota wapi?" Utasikia: "Mjukuu wangu, tulikuwa tunaenda kule chini kwenye mikuyu, tunaondoka jogoo la kwanza." Mfuate mpaka kwenye mikuyu. Nasema bibi kwa makusudi, kwa sababu akina mama ndio walioshika hesabu ya visima, kipi kina chumvi, kipi hukauka Septemba, kipi kina mwiko. Linganisha na ramani yako ya hatua ya 3. Idara ya Upimaji na Ramani ina ramani za kipimo cha 1:50,000, nazo zitakusaidia kuona korongo linatoka wapi.

Hatua ya 7: Miti na wanyama

Hapa fanya kwa ufupi. Mibuyu huishi mamia ya miaka, hivyo mikubwa unayoiona leo ilikuwepo misafara ikipita. Tafuta kwenye shina alama za mambo, yaani vigingi vya mti, vilivyopigiliwa na warina asali ili kupanda. Mti au mnyama aliyetajwa kitabuni muulizie jina la Kigogo, uandike kama unavyolisikia, na useme nani amekuambia, kama ameridhia. Mnyama ambaye hayupo tena muulizie mara ya mwisho alionekana lini.

Hatua ya 8: Andika upya sura hiyo

Kurasa mbili zinatosha. Panga kwa maji, kambi baada ya kambi: mwezi, umbali kwa saa, kisima, aliyekimiliki, kilicholipwa, alichosema msafiri, walichosema wazee. Wanapopingana, acha wapingane kwenye karatasi. Chapa nakala tatu: moja yako, moja ya mzee aliyekupokea, moja ya shule ya msingi ya kijiji. Kabla ya kuchapa msomee mzee, naye atasahihisha majina ya visima.