Sarufi ya Kiingereza kwa Mzungumzaji wa Kituruki: Pa Kuanzia

Mzungumzaji wa Kituruki anayejifunza Kiingereza asianze na orodha ya nyakati za vitenzi, bali aanze na mpangilio wa maneno. Kituruki huweka kitenzi mwishoni, ilhali Kiingereza hukiweka kati ya kiima na yambwa: "Ali kitap okudu" huwa "Ali read a book". Tena, kiima cha Kituruki mara nyingi hujificha ndani ya kitenzi, kama katika "geldim", na katika Kiingereza hakina budi kutajwa: "I came". Achukue sentensi fupi za lugha yake, atafute kiima katika kila moja, akiandike kwanza, kisha afuatishe kitenzi.

Vibainishi "a" na "the" ndivyo vinavyostahili muda mrefu zaidi. Husemwa kwamba Kituruki hakina dhana hiyo, nayo ni kauli yenye ukweli nusu tu. Neno linalolingana na "the" halipo, lakini anayesema "kitabı okudum", kwa kiambishi "-ı" cha yambwa, anakusudia kitabu mahususi, na anayesema "kitap okudum" anazungumzia usomaji bila kubainisha ni kitabu kipi. Kwa hiyo, kila anapohisi haja ya kiambishi hicho cha yambwa, ajiulize kama "the" inahitajika. Mara nyingi atapatia, isipokuwa kwenye majina ya watu na nomino zenye vimilikishi, ambazo katika Kiingereza hazihitaji "the". Ugumu unabaki kwenye kiima, ambacho hakichukui kiambishi hicho. "Kedi uyuyor" huwa "The cat is sleeping" iwapo msikilizaji anamjua paka anayesemwa, na hapo hakuna alama ya kumwongoza mwanafunzi ila muktadha.

Wakati timilifu nao una mtego wake. "İki yıldır burada yaşıyorum" hutumia wakati uliopo, ndiyo maana wengi huandika "I am living here since two years". Kiingereza sanifu husema "I have lived here for two years": "for" hutangulia muda wenyewe, na "since" hutangulia mwanzo wake, kama "since 2020".

Mengine ni mepesi. Baada ya namba inayozidi moja, nomino ya Kiingereza huingia katika wingi, ilhali ya Kituruki hubaki katika umoja, hivyo "üç kitap" ni "three books". Kiwakilishi cha Kituruki "o" hugawanyika kuwa "he", "she" na "it", jambo ambalo sisi wa "yeye" tunalielewa vyema. Vihusishi vikaririwe pamoja na maneno yanayovitawala, kwani kiambishi "-ten" ("kutoka") cha "köpekten korkuyorum" ("ninaogopa mbwa") humvuta mtu aseme "afraid from", ilhali sahihi ni "afraid of".

Vishazi rejeshi viachwe hadi mwisho, kwa sababu hudai kugeuza fungu zima: katika "dün gelen adam" maelezo hutangulia nomino, na katika "the man who came yesterday" huifuata. Njia inayofaa ni kuandika nomino kwanza, kuongeza "who" au "which", kisha kumalizia maelezo kwa mpangilio uleule wa kiima na kitenzi uliokwisha kuzoewa.