Ukienda kijijini kurekodi ngano na nyimbo za wazee, anza hivi

Mimi huwa nazunguka vijiji vya Usukumani kurekodi ngano na nyimbo, na vijana wananiuliza sana waanzie wapi, basi ngoja niandike.

Usifike na simu mkononi. Pita kwanza kwa mtendaji wa kijiji au mwenyekiti wa kitongoji ujitambulishe, afu tafuta mwenyeji ambaye wazee wanamjua akupeleke. Asubuhi salimia "Mwangaluka", hata kama Kisukuma chako kinaishia hapo. Siku ya kwanza kaa tu, pigeni stori. Beba sukari au sabuni, inatosha, maana ukianza na hela mtu atakutungia ngano usiku huohuo ili kesho umlipe.

Ngano ni za jioni baada ya kula, watoto wakiwepo. Usimtoe mzee pembeni akusimulie peke yako, ngano inataka waitikiaji, bila wao anaifupisha. Nyimbo za ngoma zifuate baada ya mavuno, kuanzia Juni hivi, ndo Bagika na Bagalu, vile vyama viwili vya ngoma vya Wasukuma, wanashindana, na Juni hiyohiyo kuna Bulabo, tamasha la ngoma, pale Bujora, Kisesa, karibu na Mwanza. Uliza mapema ningi, yaani mtunzi na mwimbishaji, yuko upande gani, kwa sababu wanarushiana vijembe na usipojua upande hutaelewa anasemwa nani.

Nyimbo za kazi zirekodi kazini. Hili nilijifunza kwa bibi mmoja aliyekuwa anatwanga na mkwewe wanapokezana michi, wimbo unashuka pamoja na mchi, mtamu kweli, mi nikamwomba asimame aimbe vizuri kwenye simu. Akasimama, akaimba mstari mmoja, maneno yakapotea. Akacheka akashika mchi tena, na yakarudi yote, hata beti ambazo hakuziimba mwanzo! Tangu siku hiyo simsimamishi mtu, kelele za kinu na kuku ziingie tu.

Simu iweke isipokee simu kabisa, ikipigwa katikati rekodi inaweza kukatika. Kabla ya kuanza taja kwa sauti tarehe, kijiji, jina la mwimbaji kama amekubali, na nani alimfundisha. Hugh Tracey, yule mtafiti wa muziki wa Afrika, alirekodi nyimbo Tanganyika mwaka 1950 na mpaka leo zinasikilizwa, ila rekodi isiyo na jina wala mahali hata mjukuu wake huyo mwimbaji hataijua.

Kwenye ngano usikatize. Mfano Masala Kulangwa, yule kijana aliyeua zimwi Shing'weng'we lililomeza watu wote, utasimuliwa mara nyingi sana na utatamani kusema "hii naijua". Usiseme. Mmoja ataishia watu wanatoka tumboni wanashangilia, mwingine atakwambia wakati wa kulipasua zimwi bibi kizee mmoja akakatwa sikio kwa bahati mbaya akashikwa na hasira, na hapo hadithi inaanza upya. Usizichanganye ili upate moja nzuri, kila moja iandike kivyake na jina la msimulizi.

Na mwache asimulie kwa Kisukuma chake, ukimlazimisha Kiswahili anakupa muhtasari. Andika usiku huohuo ukisaidiwa na mtu wa palepale, neno la kiitikio lisilo na maana liache lilivyo.

Kuna nyimbo hutapewa, hasa za Bayeye wanaocheza na nyoka na zile zinazohusu dawa. Mzee akisema hii ni ya ndani, zima simu, na mwulize pia zile nyingine kama unaruhusiwa kuzirusha mtandaoni au ni za kuhifadhi tu.

Afu rudisha. Yule bibi nilimpelekea nyimbo zake kwenye memori kadi, akachomeka kwenye redio yake ndogo, akasikiliza wa kwanza kimya mpaka mwisho, akaniambia kuna ubeti ameuruka, niwashe simu.