Bonge wa Arusha au Moshi unayeitaka laini ya ulinzi ya Wamarekani, anzia hapa

Dogo una kilo mia na ushee, mrefu, mtaani wanakwambia ukawe baunsa. Mi nakwambia huo mwili una kazi kwenye futiboli ya Marekani, ile ya helmeti, pale mbele kwenye laini ya ulinzi. Kazi yenyewe ni kugongana na mabonge wa upande wa pili, kuziba njia mkimbiaji asipite, na kumfukuzia kwotabeki, yule anayeongoza mashambulizi yao, umwangushe kabla hajarusha mpira, hiyo ndo saki.

Na usiniambie umechelewa. Ezekiel Ansah katoka Ghana kwenda chuo cha Brigham Young, kajaribu basketi, kajaribu riadha, futiboli kaanza 2010 akiwa tayari chuoni, na 2013 Detroit Lions, timu ya NFL, ile ligi kuu ya Marekani, wakamchukua, mtu wa tano kwenye drafti nzima, yaani siku timu zinapochagua wachezaji wapya kwa zamu!

Huku kwetu anzia raga. Arusha watu wa raga wapo, waombe ufanye nao mazoezi, utajifunza kukaba chini na kuweka kichwa pembeni. Hilo la kichwa nalisema kwa uchungu kabisa, usigonge na utosi hata siku moja, shingo ikivunjika ndo basi tena.

Ila raga haikufundishi hatua ya kwanza, na hapo ndo mkate wako ulipo. Inama, mkono mmoja chini, mgongo umenyooka, uzito uje mbele kwenye vidole, halafu mshkaji ashike mpira chini mbele yako na akiusogeza tu wewe fyatuka mita tisa kwa nguvu zote. Angalia mpira, sauti achana nayo, maana kwotabeki anapiga kelele makusudi ili uchomoke mapema na timu yako irudishwe yadi tano. Ukifika, mikono yako iingie kifuani kwa bonge unayegongana naye kabla ya kwake haijaingia kwako, na uwe chini kuliko yeye, aliyesimama wima anasukumwa tu hata awe na kilo 150. Rudia mpaka mwili ufanye wenyewe.

Msosi: ndizi nyama, maharage, mayai, maziwa mgando, chips punguza. Kwenye laini ya ulinzi, wa pembeni wengi wanacheza na kilo 115 mpaka 130 hivi, wa katikati wanazidi hapo, lakini kilo zije na miguu, kwahiyo squat na kukimbia kupandisha barabara ya Ilboru.

Shule sasa, wengi wanakwama hapa. Vyuo vya NCAA, chama cha michezo ya vyuo vya Marekani, vinataka matokeo yako ya sekondari, Kiingereza kiwe kimenyooka, na ujisajili kwenye kitengo chao cha kukagua sifa za wachezaji. Makocha watumie video fupi, uonekane mwili mzima ukifyatuka. Mtu akikuomba hela akuhakikishie skolashipu, mkimbie.

Ukishaingia chuo tulia, NFL hawakuchukui mpaka ipite miaka mitatu tangu umalize hai skuli, drafti ina raundi saba tu na kila timu inabaki na wachezaji 53. Kuna njia nyingine, International Player Pathway, ipo tangu 2017 kwa ajili ya wachezaji wa nje ya Marekani. NFL walishafanya kambi Nairobi 2023, na Nairobi ni basi moja tu kupitia Namanga, kwahiyo pasipoti shughulikia mapema, wakija tena usianze kuhangaika na foleni ya uhamiaji.